Shafti ya Kuazima

Kambi yetu sitaitaja jina, maana mimi bado niko kazini na nina watoto wanaosoma. Iko upande wa Changamwe, hiyo yatosha. Ndani yake mna karakana ya helikopta za jeshi, na karibu na mlango wa stoo yangu pana meza ya mbao anapoketi mwanamke anayeitwa Mwanarusi Boga. Mimi ni Ahmad, mweka stoo. Kazi yangu ni kutoa vyuma na kupokea vyuma. Kazi yake ni kujua kila chuma kimetoka wapi, kimefanya nini huko kilikokuwa, na kimebakiwa na umri gani.

Watu wakisikia hivyo hudhani ni kazi ya kukaa kitini na kunywa chai. Basi na waje waikalie siku moja. Kila kipande kikubwa cha helikopta kina kadi yake, kama vile mtoto na kadi yake ya kliniki. Kilifungwa lini, kwenye helikopta ipi, kimeruka saa ngapi, kimefunguliwa kwa sababu gani, na nani aliyekifungua. Vingine vimepangiwa umri na waliovitengeneza. Saa zake zikitimia, hata king'ae vipi, kinakatwa kwa msumeno kisije kikarudi hewani. Kwa hivyo kadi ikidanganya, rubani anapaa na chuma kilichochoka na hana habari.

Mwanarusi ni mzaliwa wa Bofu, kule Likoni, kwa watu wa minazi na mihogo. Si askari. Aliajiriwa kama raia, huja na buibui lake na viatu vyeusi vilivyopigwa rangi kuliko vya askari wenyewe. Mumewe, Suleiman, ni fundi wa friji, na hupenda kutuambia kuwa nyumbani kwake hata kopo la unga limeandikwa tarehe. Mwanarusi hucheka, lakini hakanushi.

Kwenye kadi hana simile. Siku moja Sajini Wafula, jamaa wa bara mwenye mwili na sauti, alifungua pampu, akaja kuandika sababu. Akaandika: kama kawaida. Mwanarusi akaisoma, akaigeuza kadi, akamrudishia.

"Sajini, kama kawaida ni ugonjwa gani?"

"Aah, madam, si unajua tu. Inavuja."

"Mimi najua kwa kuwa umeniambia. Atakayeisoma kadi hii mwaka ujao utamwambia saa ngapi?"

Wafula akaandika upya, akanuna mpaka saa ya kwenda nyumbani. Mimi nilicheka, nikakoma siku ilipokuwa zamu yangu kurudishiwa karatasi. Wallahi mwanamke huyu anaudhi. Na hakuna mtu kambini ambaye ningependelea akae kwenye meza ile.

Aliyemfundisha ni Mzee Chengo, fundi wetu mkuu, Mgiriama wa Kisauni. Mwanarusi alipoajiriwa alikuwa hajapata kugusa helikopta. Chengo alimshika mkono akamzungusha kutoka puani mpaka mkiani, akamwonyesha kila kipande na mahali nambari yake ilipochongwa, akamwambia ajifute grisi kwa gazeti, asiharibu leso. Tangu siku hiyo humwita baba. Asubuhi haketi kabla ya kumwamkia shikamoo, na mzee haitiki marahaba kabla ya kumuuliza watoto wameamkaje.

Chengo alikuwa anakaribia kustaafu. Shingoni alivaa uzi, na kwenye uzi ule muhuri mdogo wenye nambari yake. Kwetu fundi aliyeidhinishwa ana muhuri wake wa kupitishia kazi kwenye kadi, hamwazimi mtu, hauachi mezani. Ukinyang'anywa muhuri, wewe ni mtu wa kushika spana tu, mwenzako ndiye asimamie kazi yako. Mzee alikuwa akituambia kuwa siku ya kuondoka ataurudisha kwa mkono wake mwenyewe mbele ya watu wote, kisha aende zake akafuge mbuzi. Hilo ndilo alilolitaka duniani, hakuwa na jingine.

Sasa tulikuwa na helikopta mbili ambazo mafundi walizipa majina, Kunguru na Njiwa. Kunguru alikuwa amelala karakanani miezi mingi akingoja injini. Injini ikaja, kazi ikaanza, kila mtu akawa mbio, maana huko Lamu walikuwa wanamngojea. Mwanarusi akaanza kuzipitia kadi za Kunguru moja baada ya moja, na za Njiwa akaziweka kando ili alinganishe.

Tulikuwa kwenye chai. Akaja na kadi mkononi, akasimama mbele ya Mzee Chengo kwa adabu.

"Baba, hapa sielewi. Njiwa alitolewa shafti ya mkia ikiwa imepinda. Mpya ilikuja baadaye sana. Na katikati hapa Njiwa ameruka. Ameruka vipi bila shafti?"

Shafti ya mkia ni ule mtarimbo unaozungusha pangaboi dogo la nyuma. Bila huo helikopta ingezunguka kama pia. Tukacheka, tukidhani amekosea kusoma. Mzee Chengo hakucheka wala hakushtuka. Alichovya mahamri kwenye chai yake.

"Ah, ile. Niliazima kwa Kunguru. Si alikuwa amelala? Mpya ilipokuja nikairudisha. Nikaipangusa vizuri, nikaipaka na grisi. Hata ukiitazama huwezi kujua."

Aliyasema vile vile mtu asemavyo kuwa aliazima mbuzi ya kukunia nazi kwa jirani. Na ndivyo alivyoona. Huku kwetu mtu akiazima kitu akakirudisha kizima na kisafi, mambo yamekwisha, hakuna wa kuandikiana. Tumelelewa hivyo sote. Lakini niliona uso wa Mwanarusi ukibadilika, na chai yake aliiacha ikapoa.

Aliporudi mezani nilimfuata. Akaniambia taratibu, kama mtu anayeeleza msiba. Kadi ya shafti ile inasema kuwa imepumzika miezi yote Kunguru alipolala. Kumbe ilikuwa hewani na Njiwa, safari baada ya safari, na hakuna saa hata moja iliyoandikwa. Na kuhamisha kipande bila kadi ni kosa la kunyang'anywa muhuri.

"Basi kadiria," nikamwambia. "Tia saa kidogo za kufidia, mzee aondoke salama."

Alinitazama kwa namna ambayo sikuipenda.

"Kaka Ahmad, kidogo ni ngapi?"

Nikakasirika. Nikamwambia moyo wake mgumu, mtu aliyemlea ndiye leo anataka kumvua nguo mbele ya watu. Alitoa leso akajifuta macho, na hapo nikajiona mjinga, nikaenda kuhesabu misumari yangu.

Alasiri ile akamweleza Mzee Chengo. Sikusikia alichosema yeye, lakini sauti ya mzee niliisikia stoo.

"Mimi ndiye niliyekufundisha hiyo kadi ni nini! Leo wanigeuzia mimi?"

Akatoka na kofia mkononi. Kesho yake Mwanarusi alimwamkia, na mzee akaitikia huku ametazama pembeni, na habari za watoto hakuuliza. Siku ile Mwanarusi alifanya kazi kama mgonjwa. Kadi ya shafti aliiweka peke yake mezani, hakuiandika na hakuifunga. Mafundi walikuwa wanakaribia kummaliza Kunguru, na kila bolti iliyokazwa ilikuwa inamsogeza Mwanarusi kwenye siku ya kutia sahihi kuwa kadi zote ni sawa.

Jumapili akanipigia simu. "Nisindikize Kisauni kwa Mzee. Nikienda peke yangu atanifukuza."

"Na tukienda wawili?"

"Atatufukuza wawili, angalau nitakuwa na mwenzangu."

Tulimkuta kibarazani anatengeneza redio. Mkewe, Mama Lewa, akatukaribisha kwa furaha maana hakuwa na habari ya chochote, akatuletea mbaazi na mahamri. Tukala. Mzee akawa anafunga skrubu zile zile na kuzifungua.

Mwishowe Mwanarusi akasema, "Baba, sikuja kukushtaki. Barua sijaandika, na kwa afande sijaenda."

"Waja kufanya nini, basi? Nimeshakwambia nilirudisha. Mwizi harudishi."

"Hakuna aliyekuita mwizi." Akamgeukia Mama Lewa. "Mama, mimi nije nikuazime mtungi wako wa gesi. Niupikie wiki mbili, na karamu juu yake. Kisha nikuletee mtungi, nimeuosha unang'aa. Nitakuwa nimerudisha?"

Mama Lewa akacheka sana. "Aka, mwanangu, hilo nimefanyiwa na jirani huyu wa nyuma. Umerudisha chuma. Gesi yangu iko wapi? Na mbaya zaidi asikwambie kama ametumia. Nilikatikiwa na moto wali uko jikoni na wageni wako sebuleni."

Mzee Chengo aliacha skrubu. Alimtazama mkewe, akamtazama Mwanarusi, akaitazama redio yake. Nilidhani atapasuka kwa hasira. Lakini mabega yalimshuka, akaonekana mzee kuliko nilivyopata kumwona.

"Saa zile," akasema. "Sikuzirudisha."

"Hazirudishiki, baba. Zinaandikwa tu."

"Na muhuri wangu?"

"Sijui," Mwanarusi akasema. "Wallahi sijui, na ndilo linaloninyima usingizi. Lakini mimi sitaiandika kwa niaba yako. Andika mwenyewe, uipeleke mwenyewe. Nitasimama nawe."

Akatoa karatasi nyeupe kwenye mkoba. Mzee aliipokea akaiweka juu ya redio. Mama Lewa, ambaye sasa alikuwa ameshaelewa, alileta kalamu kutoka ndani akaiweka mbele ya mumewe. Chengo akaandika. Tarehe kamili hakuwa nayo, lakini alikumbuka kuwa aliifunga shafti ile wiki ya arusi ya Lewa, binti yake, na akaifungua mvua za vuli zilipoanza. Ikatosha. Kitabu cha safari za Njiwa kingesema mengine.

Jumatatu, Mwanarusi alikaa na kitabu kile akajumlisha safari zote za kipindi kile, na mzee ameketi karibu naye akimsomea. Mimi nilijifanya napanga rafu. Walipomaliza walirudia tangu mwanzo, kisha wakatazamana. Kwenye kadi, shafti ilikuwa bado kijana. Kwa hesabu ya kweli ilikuwa imebakiwa na saa zisizotosha kwenda Lamu na kurudi.

Mzee Chengo alishika meza. "Ingewaangusha," akasema. Akalirudia neno hilo. Alikuwa anawajua marubani wale, alikuwa amekula nao Idi na Krismasi.

Wakaenda wote wawili kwa Meja Philister, mkubwa wa karakana, mama wa bara asiyependa maneno mengi. Alisoma maandishi ya mzee, akasoma hesabu ya Mwanarusi, akauliza maswali machache. Kisha akanyoosha mkono. Mzee akavua uzi shingoni akamkabidhi muhuri, na meja akautia kwenye droo akaifunga. Akasema shafti itolewe Kunguru leo leo, na Lamu waambiwe wangoje.

Siku zilizofuata sitaki hata kuzikumbuka. Mzee alikuwa akija saa zile zile, anavaa ovaroli, anashika spana chini ya usimamizi wa Wafula, yule Wafula ambaye mzee mwenyewe ndiye aliyemfundisha. Wafula alikuwa anaona haya kutia muhuri kazi ya mwalimu wake, na mzee akimwambia tia, mwanangu, ndiyo kanuni. Mwanarusi alikonda. Suleiman alinipigia kuniuliza kama kazini kuna mgonjwa. Lakini kila asubuhi shikamoo yake aliitoa, na siku moja mzee akaitika marahaba akamtazama usoni, akauliza, "Watoto wameamkaje?" Mwanarusi akamweleza mmoja mmoja, mpaka chai ikapoa.

Shafti mpya ikaja. Nikaipokea mimi mwenyewe, na kadi yake juu. Ile ya zamani ikabidi kadi yake ifungwe rasmi, iandikwe kuwa shafti haitaruka tena, ndipo ikatwe. Meja Philister akashuka karakanani, tukakusanyika. Aliishika kadi ya zamani, ambayo sasa ilikuwa imejazwa mistari iliyokuwa imekosekana, yote kwa mwandiko wa Chengo.

"Nani aliifunga shafti hii mara ya mwisho?"

"Mimi, afande," mzee akasema.

"Kanuni inasema aliyeifunga ndiye aifunge kadi."

"Sina muhuri, afande."

Meja akatia mkono mfukoni akautoa, na uzi wake. "Ningeligundua mimi, ungekuwa umekwenda. Uliniletea mwenyewe. Nimeandika onyo, litakaa kwenye faili lako, na nimeandika pia kwamba kuanzia leo hakuna kitakachoazimwa hapa bila kadi mbili kujazwa, kinapotoka na kinapoingia. Utawafundisha wewe, mpaka siku utakayoondoka."

Mzee aliuchukua kwa mikono miwili. Hakuuvaa. Akainama mezani kwa Mwanarusi, akaandika sababu kwa herufi kubwa, akatia sahihi, akaubonyeza muhuri kwa nguvu mpaka meza ikalia. Wafula alikuwa ameshainua mikono ili apige makofi.

Mwanarusi akaivuta kadi, akaipitia kutoka juu hadi chini, machozi yakimtiririka bila kuyafuta. Kisha akaigeuza, akamsukumia mzee.

"Baba, hujaweka tarehe."

Mzee Chengo alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akaomba kalamu, akaandika tarehe.