Karatasi ya Wa Pili

Nhiên alikuwa muuguzi wa jeshi la Vietnam miaka tisa, na miaka hiyo yote mikono yake haikuacha kunuka spiriti. Alikuwa binti wa wakulima wa mpunga wa Thái Bình, Kaskazini. Akiwa na miaka kumi na tisa alitembea msituni miezi minne hadi hospitali ya vita ya Kusini: vitanda vya mianzi, na taa ya upasuaji inayowaka mtu akikanyaga baiskeli. Maji ya kutundikia wagonjwa mshipani yakiisha, walitundika ya madafu.

Ndiyo aliyomtundikia kijana mmoja wa Kusini, aliyeletwa kwa mtumbwi, tumbo limechanwa na bomu, hana karatasi yoyote ya jina.

"Dada, dafu kwetu tunakunywa," kijana akamtania. "Nyie wa Kaskazini mnalitia mkononi?"

"Nyamaza, usije ukaota mnazi. Unaitwa nani?"

"Wa Pili. Wa Pili wa Mama Lài, darajani, soko la Cái Nứa."

Kabla hajaulizwa jina lake rasmi, akakata roho. Nhiên akamfumba macho, akamwombea. Marehemu alizikwa na kichupa cha dawa chenye kikaratasi cha kumtambulisha, na karatasi nyingine, ya taarifa ya kifo, ikapelekwa kwao. Nhiên alitaka aandike vizuri, asionekane mzembe. Neno la kijana, "Wa Pili," akaliacha, akaandika: mwana wa Mama Lài, aliyemfuata kifungua mimba.

Vita vilipokwisha, akafunga safari kwenda Cái Nứa ili amwonyeshe mama yule kaburi. Alifunguliwa mlango na mwanamume wa mguu mmoja.

"Natafuta nyumba ya marehemu," Nhiên alisema, "yule aliyemfuata kifungua mimba."

Mwanamume akaangua kicheko. "Ndiye mimi, dada! Nimekufa tangu mwaka wa sabini. Mama, njoo! Watu wa hospitali wamekuja kunizika tena!"

Mama Lài akatoka jikoni akijifuta mikono, anatabasamu. "Karatasi yenu ilinimaliza machozi, mwanangu. Miaka miwili baadaye Wa Tatu huyu akaingia na gongo lake. Nikaichana. Sasa namngoja kaka yake tu, Wa Pili."

Nhiên akauliza, "Mama, Wa Pili ndiye mkubwa?"

"Umetoka wapi wewe? Huku hatumwiti mtoto Wa Kwanza, mashetani wasije wakamsikia wakamchukua. Tunaanzia Wa Pili."

Nhiên akasimulia yote, hakuficha kosa lake. Wa Tatu hakucheka tena. Mama Lài alikaa chini palepale.

"Siku gani?"

"Mwezi wa tatu, siku ya tisa."

"Siku yake ya kukumbukwa imepita mara saba, wala hajapelekewa bakuli la wali," mama alisema polepole. "Kila jioni nilimbakizia wali kama mtu wa kurudi."

"Nisamehe, Mama. Ningeandika alivyosema, ungemjua."

Mama aliinuka, akapakua wali, akauweka kwenye meza ya wafu wa nyumba ile. Kisha akamshikisha Nhiên kijiti cha ubani.

"Mwite wewe uliyemfumba macho. Mimi nikimwita, ataniuliza nilikuwa wapi."

Nhiên akapiga magoti. Akamwita kama alivyojitaja mwenyewe: "Wa Pili. Wa Pili wa Mama Lài, darajani, soko la Cái Nứa."