Ugali Wenye Bamia Ndani

Mwaka wangu wa kwanza wa ualimu pale Sumbawanga nilipangiwa kukaa nyumba moja ya shule pamoja na mwalimu mwenzangu, aliyefundisha Kiingereza. Alikuwa dada mweusi kutoka kisiwa kimoja cha Karibi, ng'ambo ya pili ya bahari ya Atlantiki. Alisikia kuna nchi ya watu weusi inayojaribu kujitegemea, akataka kuiona kwa macho yake.

Shida yake ilikuwa kwamba alifanana na sisi mno. Akina mama wa mtaa wa Majengo walimsalimu kwa Kifipa, lugha yetu ya huko, yeye akabaki kutabasamu, nao wakasema binti yule anaringa.

Mama yangu alimhukumu vivyo hivyo. Alasiri moja alifika kutoka kijijini kwetu Kasense na unga wa mahindi kichwani, akamkuta mwenzangu mlangoni, akamsalimu kwa Kifipa.

"Shikamoo, mama. Karibu ndani," mwenzangu akajibu kwa Kiswahili chake cha polepole.

Mama akaitikia, akaingia, akanivuta kando. "Mtoto wa nani huyu, shule imemsahaulisha hata lugha ya kwao?"

"Si wa huku, mama. Ametoka mbali kuliko Ulaya."

"Kwa sura ile?" Akanitazama kama mtu anayetaniwa na mwanawe.

Saa moja jioni tulitakiwa kwenye mkutano wa majirani wa nyumba kumi, na saa kumi na moja ilikuwa imekwisha kupita. Mafuta ya kupikia hayakuonekana katika duka la ushirika kwa wiki kadhaa. Tulikuwa na migebuka mikavu, samaki wa Ziwa Tanganyika, iliyokuja na basi la Namanyere, nyanya, vitunguu, pilipili, ndimu, na bamia alizotuletea mzazi mmoja kutoka bonde la Rukwa.

"Leo napika mimi," mwenzangu akasema. "Chakula cha kwetu. Hakina mafuta, na hakikawii."

Mama akavuta kigoda karibu na jiko la mkaa. Nilijua hakai pale kupumzika.

Mwenzangu alikata bamia vipande vya mviringo, akazichemsha na chumvi. Migebuka aliirowesha katika maji ya moto, akaichambua miiba, akaibandika kwenye jiko la pili pamoja na nyanya, vitunguu na pilipili, akakamulia ndimu. Mpaka hapo mama alikuwa ametulia. Kisha mwenzangu akachuja maji ya bamia, yakivutika kama mlenda, akayarudisha motoni, akayakorogea unga aliokwisha kuulowanisha kwa maji baridi. Ulipoanza kushika, akamimina bamia zote humo humo.

Mama akasimama, akanigeukia kwa Kifipa. "Mwambie anaharibu chakula! Bamia ni mboga, haziingii kwenye ugali!"

Nikatafsiri kwa upole zaidi kuliko nilivyosikia.

"Mwambie mama anisubiri kidogo," mwenzangu akajibu, akachukua mwiko.

Akaibana sufuria kwa kitambaa, akainama, akaanza kusonga. Alikandamiza ugali ubavuni mwa sufuria, akaugeuza, akaukandamiza tena, bega likifanya kazi kuliko mkono. Mimi nilikuwa nimekaa naye miezi minne bila kumwona akisonga ugali, maana hiyo ilikuwa kazi yangu. Mama alikaa tena, taratibu.

"Muulize nani alimfundisha."

"Bibi yangu," mwenzangu akasema nilipomtafsiria. "Na yeye alifundishwa na bibi yake."

"Na huyo bibi wa bibi, alifundishwa na nani?"

Mwenzangu aliacha mwiko kidogo. "Sijui, mama. Hakuna anayejua. Wazee wetu walichukuliwa Afrika wakauzwa kule. Hatukuambiwa walitoka kijiji gani."

Hayo hayakuhitaji tafsiri. Mama alichota unga kiganjani, akaunyunyiza ndani ya sufuria, akasema kwa Kiswahili, "Ongeza. Bado mwepesi."

Ugali ulipinduliwa katika sahani, ukatobolewa katikati, mchuzi wa migebuka ukamiminwa shimoni. Tukanawa, tukala. Mama alimega tonge, likamponyoka, akalidaka kabla halijafika kwenye kanga. Akalimeza.

"Huu unateleza wenyewe mpaka tumboni," akasema. Sikujua kama anasifu. Lakini mchuzi aliongeza mara mbili, akauliza juu ya ndimu, kama kule kwao huiweka kwa samaki wa aina zote. Mwenzangu akamweleza samaki wa kwao wanaoruka juu ya maji kama ndege, na mama akanitazama tena kwa ile shaka ya alasiri. Mkutanoni tulifika tumechelewa.

Jumamosi iliyofuata mama alikuja tena bila kutuarifu. Alikuwa amejaribu kuupika ugali ule kule Kasense, akatumia unga wa ulezi, ukawa gundi. Baba aliutazama, akaomba viazi.

Alinipita mimi moja kwa moja, akamwendea mwenzangu jikoni na bamia kwenye kikapu.

"Mwanangu," akamwambia, "nionyeshe tena hapo kwenye maji ya bamia."