Konokono wa Mama Tahani

Siku Gélase alipomwona Mama Tahani kwa mara ya kwanza, mama huyo alikuwa akipigana na mlango wa duka lake. Mlango wa chuma ulikuwa umemnasa baibui, na mlango ndio uliokuwa unashinda.

"We mwenye nyundo!" alimwita. "Unaangalia sinema?"

Gélase alikuwa fundi viatu, mtu mzima mwenye haya, aliyezoea kuzungumza na soli kuliko na wenye viatu. Mutakura, mtaa alikokuwa akifanyia kazi, hakukukalika tena kwa risasi za vita, ndipo akaja Buyenzi kutafuta kibaraza. Aligonga bawaba, mlango ukamwachia mama. Mama hakumuuliza hata jina.

"Kaa hapo nje," alisema. "Mutu akikufukuza, muambie aje aniulize mi."

Jina lake hasa lilikuwa Miza, mjane Mwarabu aliyezaliwa papo hapo Buyenzi. Aliuza vitenge, na mashine zake tatu za kushona ndizo zilizomlisha yeye na binti yake, Tahani. Alikuwa na sauti ya kusimamisha teksi iliyoko mtaa wa pili. Alimpandishia mteja bei bila aibu, kisha akamwonea huruma na kumkatia kipande cha bure.

Mezani dukani aliweka chupa pana ya kioo yenye maji ya chumvi, na ndani yake konokono wa baharini aliyeletwa na mpwa wake Haitham kutoka Tanga. Gamba lake lilikuwa zuri, la kahawia lenye madoa meupe, limechongoka upande mmoja.

"Musione uzuri wake," Mama Tahani aliwaambia wateja. "Huyu anakula samaki. Anatoa mudomo kama murija, ndani muko sindano ya sumu. Samaki anaganda palepale. Hata mutu anakufa."

Kila siku alimtupia ndagala mmoja, dagaa wa ziwani. Jioni ndagala hayupo. Mtaa uliamini, na Gélase, aliyekaa karibu kuliko wote, aliamini kuliko wote. Akiingia kuomba uzi, alipita ameukumbatia ukuta.

Vita vilipozidi, vijana wenye bunduki walianza kupita madukani kuomba walichokiita mchango. Adhuhuri moja, katika Ramadhani ya mwaka 1996, kamioneti, gari dogo la mizigo, ilisimama mbele ya duka. Akashuka mkubwa wao, Maxime, na wenzake wawili.

"Mama, tumefuata mashine. Zote."

Mama Tahani aliwavutia benchi.

"Mashine hazibebwi na mutu mwenye kiu. Kaeni kwanza."

Akamtupia konokono ndagala wake, akichovya vidole majini, na kwa vidole vilevile akampa Maxime glasi ya ukwaju. Maxime naye alikwishasikia habari za konokono. Alitazama vidole, akatazama chupa.

"Mama, onja kwanza."

Hilo halikuwa tusi. Hapa kwetu anayekukaribisha hunywa funda la kwanza, mgeni ajue hakuna sumu.

"Mi nimefunga, mwanangu."

"Basi binti yako."

"Naye amefunga. Mutaa muzima umefunga. Ungekuja magharibi."

Macho ya Maxime yalizunguka, yakatua kibarazani.

"We fundi, umefunga?"

Gélase alikuwa Mkatoliki, na kwa mara ya kwanza hilo lilimsikitisha.

"Apana," alikiambia kiatu alichokishika.

Wote wakamgeukia. Akikataa, ni kama kutangaza kwamba mama anawapa watu sumu, na mashine zitaondoka. Akinywa, ataondoka yeye. Alifumba macho akanywa. Ukali wa ukwaju ukamshika ulimi, ulimi ukawa mzito, midomo ikafa ganzi, magoti yakafuata.

"Sindano," alisema, akaanguka juu ya viatu vya watu.

Maxime hakusubiri mazishi. Kamioneti iliondoka haraka hata mwenzake mmoja ikabidi aifukuzie kwa miguu.

Gélase alizinduka kwa ndoo ya maji usoni.

"Amuka, we! Ni ukwaju!"

"Na konokono?"

"Alikufia Kigoma, njiani. Haitham alitupa nyama akaniletea gamba."

"Na ndagala?"

"Paka."

Mama Tahani alicheka mpaka akakaa chini, kisha akalia kidogo, mkono wake juu ya mashine.

"Hata angekuwa muzima," alisema akijifuta macho, "sumu yake ni ya kuchoma, si ya kunywa. Lakini funga mudomo."

Aliufunga. Yeye mwenyewe hakujua kama aliangushwa na konokono au na kutazamwa na watu wengi kwa pamoja. Vijana wale hawakurudi. Huko mtaani ilisemekana fundi alikufa adhuhuri akafufuka alasiri, na wanawake wakaleta viatu vizima ili wamshike mkono.

Mwaka uliofuata Tahani aliolewa Maskati, na mama yake akaamua kumfuata. Alimwachia binamu yake Nasser duka na mashine zote tatu, kwa sharti kwamba kibaraza kibaki cha Gélase.

Siku ya safari, Gélase alitembea kutoka nyumbani kwake Musaga akipanga maneno ya kumuaga. Alipofika kwenye teksi, majirani walikuwa wamejaa, wote wakimtazama, na maneno yakamkimbia. Alisimama ameshika mlango wa gari, akitazama viatu vya Mama Tahani.

Mama Tahani akashusha kioo.

"Basi, Gélase, mi nimesikia yote," alisema. "Sasa toka barabarani, teksi itakukanyaga muguu."