Mguu wa Ng'ombe Chini ya Dari

Anayesema nyama ya kupikwa polepole inatuliza moyo hajawahi kuipika huku mume wake amelala darini, juu ya chungu. Mimi nimewahi, na ninaandika sasa, mtoto wangu bado hajamaliza kuota meno, kwa sababu sitaki kungoja nizeeke, hasira ipoe, nianze kusimulia kwa sauti ya upole kana kwamba yalikuwa mambo ya watu wengine.

Tulikuwa tunaishi Kimanga, hapa Uvira, nyumba ya vyumba viwili na jiko lake nje. Mume wangu alikuwa karani kwenye ofisi ya kununulia pamba. Uhuru ulipokuja, Mzungu wake alipanda gari akaondoka, na mume wangu akaachiwa meza, kiti na kalamu. Siku ile majirani walitupigia vigelegele. Waasi walipoingia mjini, majirani walewale walijua vizuri sana nani ana meza na nani ana kiti. Makarani walikuwa wanakusanywa. Wapiganaji walitazama vidole kama vina wino, walitazama miguu kama ina alama ya viatu. Karani mwenzake walimchukua barazani kwake mchana kweupe, mke wake akarudishiwa mkanda wa suruali tu.

Basi mume wangu akawa analala kwenye matete ya ziwani. Mvua ilikuwa ya kila siku, na upepo wa mlimani ukishuka kule majini unaingia mpaka kwenye mfupa. Akarudi na kikohozi. Wahenga walisema mapenzi ni kikohozi, hayafichiki. Wangesema tu kwamba kikohozi hakifichiki, ingetosha. Nilimlaza chumba cha ndani, nikamfunika mablanketi yote, na kila alipokohoa mimi niliangusha sahani.

Ndipo mama mkwe akashuka kutoka Mulenge, kwao mlimani, na mguu mzima wa ng'ombe kichwani, umefungwa kwa majani ya ndizi. Kule juu wapiganaji walikuwa wanachukua ng'ombe kama mtu anavyochuma mboga. Watu wa kwake wakaamua kumchinja wenyewe yule aliyekuwa mzee kuliko wote kabla hajachukuliwa. Mguu akamletea mwanawe.

“Nitamupikia mupaka jioni,” akasema. “Supu ya mufupa ndiyo inafungua kifua.”

“Mama, harufu,” nikamwambia. “Hii mitaa yote hakuna muntu anakula nyama. Batasikia.”

“Mutoto wangu anakufa na baridi, weye unaniambia harufu?”

“Baridi iko na huruma kuliko bale.”

“Mukamwana, umesoma mupaka umesahau muntu anakula.”

Ukweli ni kwamba hata mimi nilikuwa natamani nyama ile. Tulikuwa tumekula sombe, majani ya muhogo, isiyo na mafuta mpaka meno yakawa ya kijani.

Tukaiweka kwenye chungu kikubwa, na chumvi, vitunguu, na tangawizi niliyoiponda mwenyewe. Juu tukafunika kwa majani ya ndizi, mfuniko ukafuata, na ukingoni tukaziba kwa ugali uliobaki ili mvuke usitoke. Chini hakuna moto wa kuwaka, ni makaa tu. Ng'ombe mzee anataka hivyo. Ukimkimbiza, anakaza. Mvua ilikuwa inapiga mabati, jiko lilikuwa na joto, na tukamleta mume wangu akae karibu na mafiga. Kwa muda mfupi, nakiri, ilikuwa raha. Alikuwa anacheka na mtoto.

Lakini ugali hauzibi harufu. Kufikia mchana ilikuwa imevuka ua wetu, imevuka barabara. Nikasikia sauti za wanaume wanauliza, “Nani anapika?” na sauti ya jirani, jirani yangu mwenyewe, inajibu, “Kwa karani.”

Hakukuwa na njia ya kwenda ziwani. Juu ya mafiga kulikuwa na dari ya miti, tulikokaushia kuni na ndagala, dagaa wa ziwani. Mume wangu akapanda, akalala kifudifudi nyuma ya kuni, na mimi nikasogeza mafungu mawili mbele yake. Nilipogeuka, walikuwa wameshaingia uani.

Walikuwa watatu. Mkubwa wao, waliyemwita Komanda, hakuwa amenizidi umri. Alivaa ngozi ya mnyama begani na bunduki yake aliibeba kama mwiko.

“Karani iko wapi?”

“Alikimbia zamani. Aliniacha na mutoto na mama yake.” Nilisema kwa hasira, na hasira haikuwa ya kuigiza. Ni nani kati yao alikuwa ameniuliza kama nataka vita?

“Na nyama?”

Nilijua miiko yao. Mji mzima ulijua. Dawa yao ya maji, ile ya kugeuza risasi, inaharibika wakiguswa na mwanamke, na inaharibika kabisa wakila kilichopikwa na mwanamke aliye katika siku zake. Nikasema, bila kushusha macho: “Nyama nimepika minye, na minye niko mu damu. Mukitaka, kuleni.” Ulikuwa uongo mtupu. Nilikuwa nanyonyesha, damu sikuiona tangu mimba.

Wale wawili wakarudi nyuma kama wameona nyoka. Nikafikiri nimeshinda. Komanda akatazama chungu, akamtazama mama mkwe.

“Huyu alifungua kile chungu tangu kiende ku moto?”

“Hapana,” akajibu mama mkwe. Masikini, alijibu ukweli.

“Basi bado kiko kizuri. Mukono wenye kufungua ndio unaharibu. Mama muzee hana damu tena. Yeye ataendelea, sisi tutangoja. Na weye,” akaniambia mimi, “kaa kule ku ukuta. Usiguse chombo hata kimoja.”

Hivyo ndivyo uongo wangu ulivyonitoa jikoni na kuwaingiza wao. Nilikaa kwenye ukuta wa nyumba, chini ya mabati, mtoto mapajani. Mlango wa jiko ulikuwa mbele yangu, wazi. Niliona mama mkwe ameinama kwenye makaa, niliona mafungu ya kuni juu yake, na katikati ya mafungu niliona kipande cha shati la bluu ambacho hakuna mwingine aliyekuwa amekiona bado. Wao walikaa kizingitini wananusa.

Kitu kimoja tu nilikuwa nakiomba: asikohoe.

Komanda hakuwa mtu wa kungoja. “Makaa haya ya kuchomea mahindi! Weka kuni, Mama.”

Mama mkwe akaweka vigogo viwili vilivyokuwa mlangoni. Vilikuwa vimenyeshewa. Moshi ukatoka mweupe, mzito, ukapanda moja kwa moja, ukaingia katikati ya miti ya dari. Niliuona unameza lile shati. Fungu moja la kuni likatikisika.

“Hizi ni mbichi,” akasema mpiganaji wa pili, kijana mwenye kofia ya Wazungu. “Pale juu ziko kavu.” Akanyoosha mkono, akavuta kijiti kimoja. Ndagala zikamwagika kichwani kwake. Mwenzake akacheka. Akanyoosha mkono tena.

Nilisimama. Sikupanga. Mdomo wangu ulitangulia.

“Achana na kuni! Munataka kula kiatu?”

Wakageuka wote. Hakuna mtu aliyewasemesha hivyo mji ule.

“Nini?” akauliza Komanda.

“Ng'ombe ule ni muzee kama nyanya yako. Moto mukali unamukaza mushipa. Ukimupikia na kuni, utatafuna mupaka kesho, na meno itabaki mu nyama. Nani alikufundisha kupika, weye? Toeni ile kuni inje, mumuache na makaa!”

Komanda akaweka kidole kwenye bunduki, si kwenye kifyatulio, karibu yake tu. Sijui ingekuwaje kama yule wa tatu, mwenye ndevu, mchunga ng'ombe kwa jinsi alivyochuchumaa, asingesema: “Komanda, mama iko na haki. Ng'ombe wa hivi anataka makaa na uvumilivu.”

“Uvumilivu mupaka wapi?”

“Mupaka mufupa uteleze.”

“Huyu bibi anasema kama askari,” akasema Komanda. “Karani alifanya vizuri kukimbia.” Wakacheka. Kijana mwenye kofia akatupa vigogo mvuani, vikalia tsss. Moshi ukapungua.

Nikakaa. Nilikuwa nimempatia mume wangu hewa, na bei yake ilikuwa kukaa na watu hawa mpaka mfupa uteleze. Kama kuna mtu aliyesoma ambaye angechagua vizuri zaidi, aje aniambie, nitampa mtoto wangu ampakate kwanza.

Kisha mvua ikakatika. Sikuwa nimejua ni kiasi gani ilikuwa inatusaidia. Mabati yalinyamaza, na nikasikia kila kitu: chungu kinavyochemka kwa chini, kuku, Komanda anavyotafuna kijiti. Na juu, nikasikia koo la mume wangu. Ninalijua koo lile. Linaanza kwa kukwaruza, kama kucha kwenye mkeka, halafu linakuja.

Nikamfinya mtoto pajani. Nilimfinya kwa kucha, kwa nguvu zote, ngozi ikabaki mkononi. Akapiga yowe, na ndani ya yowe lile baba yake akakohoa. Mama mkwe naye akaangusha sahani.

“Nyamazisha mutoto!”

“Tumbo inamuuma,” nikasema. Alipokaribia kunyamaza, koo likakwaruza tena, nikamfinya tena. Akanitazama. Mtoto anayenyonya ananitazama mimi, mama yake, anatafuta nani anamuumiza. Sijutii. Mtu wa kujuta si mimi, ni wao, na bado sijamwona hata mmoja aliyekuja kumwomba radhi.

Jua lilikuwa linaelekea mlimani mwenye ndevu alipoinua mfuniko, akavuta mfupa, ukatoka mtupu, unang'aa. Harufu ilijaa ua wote. Mate yalinitoka, nikajichukia.

“Mama muzee, onja,” akasema Komanda. Ni desturi, mpishi huonja mbele ya mgeni.

Mama mkwe hakuchukua. “Siwezi. Asubuhi nilikunywa maziwa.”

“Maziwa?”

“Kwetu aliyekunywa maziwa hali nyama siku ile ile. Ng'ombe wataharibika matiti.”

“Ng'ombe gani? Ng'ombe iko mu chungu!” Hakuna aliyecheka safari hii. Akasimama. “Iko sumu. Wameweka dawa. Tafuteni mu jiko, pote. Chini, juu, pote.”

Kijana mwenye kofia akashika mti wa dari.

“Mama!” nikapiga kelele. “Kula! Ng'ombe yako yote ilishaliwa, unachungia nani matiti? Kula!”

Niliogopa jambo moja, kwamba angeinua macho kumtazama mwanawe. Hakuinua. Alitazama chungu muda mrefu, mwanamke aliyezeeka bila kuvunja mwiko ule hata mara moja, hata mwaka wa njaa. Akachukua kipande kwa vidole, akakiweka kinywani, akatafuna huku machozi yanashuka. Akameza. Akachukua cha pili bila kuambiwa.

“Pilipili?” akauliza kijana, mkono wake bado kwenye mti.

“Tangawizi,” nikasema.

Wakangoja waone kama ataanguka. Hakuanguka. Kijana akaachia mti. Wakala wamesimama, kwa mikono, wanalamba mpaka kwenye viwiko, halafu wakapitisha mti kwenye masikio ya chungu wabebe kilichobaki. Mlangoni Komanda akageuka. Uso wake ulikuwa umelainika, na hilo lilinitisha kuliko bunduki.

“Mama, haijawahi kuwa nyama kama hii. Kesho tutaleta mguu mwingine. Tutakuwa tunakulia hapa.”

“Karibuni,” akasema mama mkwe.

Tukangoja mpaka sauti zao zikapotelea barabarani, halafu tukangoja zaidi. Mume wangu hakushuka, alianguka. Macho yalikuwa yamevimba, hayafunguki, na kona ya shati alikuwa ameing'ata mpaka ikatoboka. Mama yake hakumgusa. Alikwenda nyuma ya jiko, nikamsikia anajaribu kutapika, haiji. Aliporudi akaanza kufunga blanketi na mihogo ya kuchemsha kwenye kitambaa, maana sote tulikuwa tumesikia neno kesho. Ilibidi mume wangu avuke kuingia Burundi kwa mtumbwi wa mvuvi, jioni hiyo hiyo. Alifika. Najua kwa sababu mvuvi alirudi na salamu. Lakini saa ile sikujua lolote, nilijua tu kwamba jirani aliyewaelekeza bado alikuwa nyuma ya ukuta wake, anasikiliza.

Mume wangu akashika nguzo ya jiko kwa mikono miwili. Koo likaanza.

Nikamfunga mtoto mgongoni, nikavuta kinu katikati ya jiko. Hatukuwa na kitu cha kutwanga. Nikainua mchi, nikaushusha kwenye kinu kitupu, kwa nguvu, kama mwanamke mwenye sombe nyingi na wageni wengi.

“Kohoa,” nikamwambia. “Kohoa yote sasa. Mu mutumbwi hakuna kinu.”