Kichuguu cha Kambo

Juzi mvua za kwanza zilipoanguka, nilimkuta mama mmoja sokoni Kamalondo amewatandaza inswa wake kwenye ungo, wale kumbikumbi wanene waliokaangwa kwa chumvi na mafuta yao wenyewe. Nikamuuliza wametoka wapi. Akaniambia Kipushi, na huko Kipushi wameletwa kutoka ng'ambo ya mpaka. Nikacheka vibaya, rafiki yangu, mpaka mama wa watu akadhani namdharau. Sikumdharau yeye. Ninaowadharau nitakusimulia.

Mimi nimelelewa Naviundu, karibu na mto, na Kambo wangu, ndivyo tunavyomwita bibi kwetu. Shamba lake lilikuwa na mahindi, mihogo ya sombe, yaani kisamvu, na katikati yake kichuguu kirefu kuliko nyumba yetu. Mgeni angeona rundo la udongo tu. Sisi pale tulikula mwaka mzima. Juu yake Kambo alipanda maboga na migomba, kwa sababu udongo wa kichuguu una nguvu. Ubavuni uliota uyoga mpana kama kofia. Mvua zikianza, tulikifunika chote kwa majani, tukaacha tundu moja tu, na chini ya tundu beseni la maji. Inswa walitoka wakidondokea humo, pa-pa-pa. Sahani ya kwanza ilikwenda kwa majirani, hata wale tuliogombana nao, maana kwetu mwenye kichuguu hali inswa peke yake. Bukari ya jioni hiyo, ndio ugali wetu, naisikia mdomoni mpaka leo.

Siku moja serikali ikatangaza kwamba imechukua mashamba yote ya upande wetu, eti itawajengea nyumba wafanyakazi wa mgodi wa shaba. Wenye mashamba waliposikia fidia yenyewe, walipiga kelele kwamba ni ndogo, wakaenda kwa komiseri, mkubwa wa zone yetu, kudai waongezewe. Bwana huyo alitoka nje na abakosti yake ya kijani, ile suti isiyo na tai, beji ya Chama kifuani, tumbo limetangulia.

"Udongo haiko ya kwenu, bacitoyens," alisema. "Iko ya Leta. Tutalipa tu kintu yenye mulipanda ao mulijenga." Bacitoyens ndio sisi raia, na Leta ni serikali.

Basi watu wazima wakageuka watoto. Kila mtu alivunja matawi ya miembe akayachomeka shambani mwake ili yahesabiwe kuwa miti. Jirani yetu, fundi cherehani, aliwapita wote. Matawi yake yaliponyauka, aliyashonea majani mabichi kwa uzi wa kijani. Naapa, niliyaona kwa macho yangu. Kambo alisonya.

"Bantu bazima banashona miti," alisema, akarudi kupalilia.

Siku ya kuhesabu, komiseri alikuja na karani wake. Miembe ya fundi aliihesabu yote bila hata kuigusa, kwa kuwa abakosti aliyovaa alikuwa ameshonewa na fundi huyohuyo, bure. Kisha akafika kwetu. Akahesabu nyumba yetu ya udongo na migomba. Kambo akamshika karani mkono, akamwonyesha kichuguu. Hakutaka waongeze pesa. Alitaka shamba lingine lenye kichuguu, kwa sababu yeye alikuwa mjane na mimi nilikuwa mdomo wa kulisha, na bila hicho hakujua tutaishi vipi.

"Ile kichuguu, nani aliijenga?" komiseri akauliza.

"Ni muchwa, baba. Lakini miye njo niliichungaka."

"Basi muchwa njo bakuye kulipwa!"

Karani akacheka, eti mchwa ndio waje kulipwa. Fundi akacheka kuliko karani. "Suivant!" akaita komiseri, yaani anayefuata, na shamba letu likawa limekwisha.

Kile kidogo alichopewa Kambo kiliisha pamoja na unga wa msimu ule. Nyumba za wafanyakazi hazikujengwa hata moja. Viliwekwa vibao, nyasi zikavimeza. Ilijengwa nyumba moja tu, ya komiseri mwenyewe. Na unajua matofali yalitoka wapi? Kila Jumamosi ilikuwa Salongo, ile kazi ya lazima tuliyofanya bure kwa ajili ya taifa, nasi tukaamriwa kubomoa kichuguu cha Kambo tufyatue matofali. Hakuna udongo unaoshika kama ule, na yule mwizi alilijua hilo tangu siku ya kucheka kwake. Tulikanyaga tope tukiimba nyimbo za Chama, mwalimu wetu akipiga filimbi. Kambo alikuwa mstarini pamoja nasi, sketi imekunjwa magotini, anakanyaga udongo wake mwenyewe. Hakuimba. Tuliporudi alinawa miguu taratibu sana, maji mekundu yakatiririka mpaka kizingitini. Nilimchukia mtu yule kwa moyo wote wa kitoto, na uzee haujanipunguzia.

Kambo alimalizia maisha katika chumba cha kupanga Kamalondo, akinunua lengalenga, mchicha wa kwetu, kwa fungu, yeye aliyekuwa akiwagawia watu. Fundi alipata redio kwa miembe yake ya uzi, na redio ikafa kabla ya msimu kugeuka. Siku hizi inswa hupimwa kwa kopo, na sijaona mtu akimpelekea jirani yake sahani.

Nilinunua kopo langu, nikapanda mpaka Naviundu. Nyumba ya komiseri ingali pale. Plasta imebanduka, matofali yako nje, na kutoka kwenye msingi njia za mchwa zimepanda ukutani mpaka kwenye mbao za paa. Mtoto wa komiseri, naye sasa ni mzee, akanikuta nimesimama naangalia.

"Mama, muchwa banatumalizia nyumba," akalalamika. "Hauna dawa?"

"Ubaache," nikamwambia. "Baba yako njo alibaita bakuye kulipwa."