Birika Lililomuunguza Onorina

Mke wangu Onorina alizaliwa Omegna, mji wa Italia kando ya ziwa, na hakuhama. Kwenye kiwanda cha mji alisugua vyombo vya chuma mpaka ving'ae. Mimi nilikuwa upande wa tanuri. Tumemzika Machi. Alikuwa mcheshi, ila jambo moja lilimwinamisha kichwa maisha yake yote.

Baada ya vita kiwanda kilimwajiri mbunifu kutoka Milano, Bwana Ruggeri, atutengenezee vyombo vya sura mpya. Akabuni birika la kahawa, na mpini wake ukawa wa chuma kilekile, bila mbao. Jumapili akaja nalo kwetu. Onorina ndiye wa kulijaribu na kusema kama linafaa kutengenezwa kwa wingi.

Kahawa ikachemka. Akalishika birika kwa mkono mtupu. Kushika kwa kitambaa mbele ya aliyelibuni, tena mgeni aliyekaa mezani pako, kwetu ni kumtukana. Akammiminia kikombe kikajaa, hakutetereka.

"Vipi, mama?"

"Zuri, bwana. Linashikika vizuri."

Mgeni alipoondoka, Onorina akatumbukiza mkono kwenye maji. Ngozi ya kiganja ilikuwa imebabuka.

"Mbona hukumwambia?" nikamuuliza.

"Kala biskuti zangu, halafu nimwambie hajui kazi?"

Birika likatengenezwa. Wanawake wa mji wakanunua, wakaungua. Pale pa kufulia, jirani yetu Pierina akamnyooshea vidole vyenye malengelenge: "We Onorina, si ndiwe uliyelijaribu? Una mkono au una kwato?" Wakacheka wote. Onorina akarudi nyumbani na nguo nusu hazijafuliwa.

Kesho yake akaacha mashine, akamfuata Ruggeri uani, watu wakisikia.

"Lile birika linaunguza. Liliniunguza mbele yako, nikakwambia zuri."

Ruggeri akawa mwekundu. "Lakini mama, nilikuja kwako uniambie ukweli."

"Ulikuja kwangu. Ndiyo maana sikuweza."

Mpini ukabadilishwa, ukawekwa wa mbao. Wanawake wakaitwa warudishe mabirika yao langoni mwa kiwanda. Onorina akaomba ayapokee yeye, na akamwomba radhi kila aliyekuja, macho chini.

"Basi, mwenzangu, yameisha," Pierina akamwambia. "Njoo kwangu tunywe kahawa."

"Nitakuja vidole vyako vikipona."

Vilipona. Hakwenda.