Ng'onda ya Esha

Neno lilimponyoka Esha asubuhi, akiwa ameketi mlangoni na binti yake Kathini, wa miezi minane, mapajani. Mama mkwe wake, Ndunge, alikuwa uani akipepeta ndengu.

"Leo mtoto amekula vizuri, mama. Nimempa mchuzi wa ng'onda."

Ungo ukasimama. "Umempa nini?"

"Ng'onda."

Esha alizaliwa Mwingi, lakini nyanya aliyemlea alitoka pwani, akaja na maneno yake ya kale kama alivyokuja na kanga zake. Papa aliyepasuliwa, akatiwa chumvi na kuanikwa juani mpaka akawa kama ubao, yeye alimwita ng'onda. Vijana husema papa tu, yamekwisha. Kwao walisema Kiswahili tu, kwa hiyo Esha hakujua kuwa hapa Kyuso neno hilo lina jirani mbaya. Ng'ondu, kwa Kikamba, ni dawa ya kutakasa boma lililoingiwa na laana, na mwenye kuinyunyiza ni mzee anayeijua, si mke wa mtu jikoni.

"Musyoka! Toka uone! Mke wako anatutakasia mtoto. Kwetu kuna laana, sisi hatujui, Mswahili wako ndiye anajua!"

Musyoka akatoka na povu la sabuni kidevuni. Esha alikuwa ameshakimbilia jikoni, akaleta kipande kilichobaki kwenye gazeti.

"Ni samaki, mama. Nusa. Ng'onda ni papa mkavu, basi."

Ndunge akanusa. Uso ukamlegea, na Esha akashusha pumzi. Kisha mama akauliza, polepole kabisa, "Papa si ndiye yule anakula watu?"

"Wengine, mama. Wale wakubwa."

"Umesikia, Musyoka? Ingekuwa ng'ondu, tungeita mzee, yakaisha. Huyu amelisha damu yetu mla watu!"

Akamnyakua Kathini. Esha akamtazama mumewe. Musyoka akapangusa povu kwa kiganja.

"Enda kwenu kwanza, Esha. Mama akipoa nitakuita."

"Na mtoto? Bado ananyonya!"

"Maziwa ya mbuzi yapo," akasema Ndunge, akaingia ndani na kufunga komeo.

Kathini akalia kile kilio cha njaa ambacho mama hakosei. Maziwa yakamtoka Esha yenyewe, yakalowesha dera mpaka kiunoni. Akagonga mlango kwa ngumi zote mbili. Huko ndani Ndunge akaanza kumwimbia mtoto wimbo wa kubembeleza, akiupandisha sauti kila mlango ulipolia.